Alhamisi za Nemesio

Jumatatu, 3 Oktoba 1988

Nemesio Catacutan amefariki. Juzi, mezani, kijiko mkononi. Moyo. Rafiki yangu tangu ujana, mwongozaji wa filamu zangu zote zilizojaza kumbi. Nilipopata habari nililia dukani mpaka muuza sigara akanipa moja ya bure. Mvua haikatiki.

Mwili uko sebuleni kwake, Sampaloc, ndani ya jeneza jeupe lenye kioo juu. Mazishi Jumapili, maana mtoto wao wa pekee, Eliseo, anasubiriwa kutoka Jeddah. Wiki nzima ya kahawa, biskuti, karanga za kuchemsha na karata. Nikaketi karibu na mlango. Akaingia mpiga picha wa zamani. Akaingia fundi cherehani wa mavazi ya waigizaji. Wakaingia mabaunsa wawili wa filamu za ngumi, wanalia kama watoto. Hapo wazo likanijia, wala sikulitafuta. Sinema yote ya Manila itapita sebule hii kabla ya Jumapili. Hata Madam.

Madam Felicitas Chuakay, prodyuza. Ana nafasi ya filamu moja kwenye tamasha la Krismasi na bado hajapata hadithi. Mimi nina hadithi na sina filamu. Jina langu, Crisanto Dimaculangan, halijaonekana kwenye bango la sinema kwa miaka sita. Niliwahi kuiliza nchi hii. Siku hizi naandikia mizimu ya filamu za kutisha maneno yao, nayo hukatwa. Nisipopata kazi hii ya Krismasi, basi, nimekwisha. Mwandishi akizeeka bila bango hata wauza tiketi humwita babu.

Shemeji Perpetua, mjane, alinitafutia kiti ambacho paa halivuji juu yake, akaniletea supu. Akaniomba niseme maneno machache makaburini. Nikakubali. Nyumba yake ndiyo pekee mjini hapa ninayoingia bila kubisha hodi.

Jumanne, 4 Oktoba

Siku mbaya. Anayetoka msibani haendi kwake moja kwa moja. Hupita kwanza mahali pengine, ili marehemu kama amemfuata apotee njia. Wengine hupita mgahawani, wengine sokoni. Mimi nikaona kwa nini nipoteze safari? Nikapita ofisini kwa Madam.

Katibu wake, Bi. Socorro, alinusa mishumaa kwenye koti langu. Akauliza natoka wapi. Nikasema kwa Nemesio. Akauliza nimepita wapi kabla ya kuja hapa. Nikasema nimepita hapa. Nilidhani nimejibu vizuri.

Kumbe nimewaachia maiti mlangoni! Mama yule aliruka kutoka kitini kama kiti kimewaka moto. Walimwaga chumvi kizingitini. Wakanimwagia na mimi. Mlinzi alinisukuma nje kwa mpini wa ufagio, hataki kunigusa. Kisha mswada wangu, *Mjane wa Pili*, uliokaa kwao tangu Juni, ukanifuata kupitia dirishani. Na salamu juu yake: Madam ameusoma. Mwanamke wa nje anayetokea msibani na kuangukia jeneza, hilo watu hawalilii tena. Wamelichoka.

Nikaokota kurasa kwenye dimbwi. Kama kweli Nemesio alinifuata mle ndani, angalau angenisemea neno.

Jumatano, 5 Oktoba

Boyet Mangahas kaja msibani na miwani ya jua. Mvua inapiga, yeye na miwani ya jua! Boyet alikuwa mpiga chapa wangu. Leo ndiye mwandishi ambaye maprodyuza wanamtumia gari. Ananiita Mwalimu, kwa sauti ile ya kumwamkia mgonjwa.

"Mwalimu, zama zimebadilika," akaniambia huku anatafuna karanga za marehemu. "Siku hizi watu wanalipa wacheke. Machozi wanayo nyumbani."

Akasema pia Madam atakuja kutoa pole Ijumaa, saa kumi alasiri. Hilo tu ndilo la maana alilosema.

Watu hawalii, eti. Basi nitaonyesha kama hawalii. Sini yangu, lile tukio la mwanamke wa nje, itachezwa hapa hapa, mbele ya Madam, kwenye jeneza la kweli. Akishalia, nitasimama na kumwambia kwamba ile ndiyo filamu yangu. Nemesio mwenyewe angeipenda. Alikuwa akisema tatizo la filamu zetu ni majeneza ya mbao nyepesi.

Nimempata Zenaida Lumibao kwenye mgahawa ule ambapo waigizaji wadogo hukaa wakingoja kuitwa. Maisha yake yote Zenaida amekuwa mjakazi anayepigwa kofi. Ana kipaji. Huanguka na sinia bila kumwaga. Nimemwahidi nafasi ya dada wa mhusika mkuu, yenye maneno ya kusema. Akauliza itakuwaje kwa mke wa marehemu. Nikamwambia mke ameishi na watu wa sinema miaka yote, ataelewa. Tena ni kwa saa moja tu, halafu namweleza mwenyewe.

Alhamisi, 6 Oktoba

Alhamisi ya kwanza bila yeye.

Kila Alhamisi, miaka nenda miaka rudi, nyumbani tuliaga tunakwenda studio, na studio tulisema tuko nyumbani. Tulikwenda Ligaya, ile sinema mbovu ya barabara ya Avenida. Kwanza uji wa mchele na utumbo pale kando. Halafu safu ya nyuma, karibu na nguzo, tunatazama filamu za nje na kuiba. Yeye aliiba namna ya kuweka kamera, mimi niliiba vifo. Nemesio hakutaka Perpetua ajue. Perpetua aliamini kila kitu kinatoka kichwani kwa mume wake, na Nemesio hakuwa na moyo wa kumwambia vinginevyo.

Leo nimekwenda peke yangu. Nikanunua tiketi mbili kwa mazoea. Nikagombana na muuza tiketi airudishe moja, akakataa. Nikaweka kofia yangu kwenye kiti cha Nemesio.

Jioni mapema mazoezi na Zenaida. Nimemwandikia maneno ukurasa mzima. Ameyashika yote.

Ijumaa, 7 Oktoba

Lazima niandike kwa utaratibu.

Saa kumi Madam aliingia na dereva, na mwavuli, na shada la maua lililokuwa kubwa kuliko jeneza. Alinitazama kama anajuta kutonimwagia chumvi ya kutosha. Boyet akampa kiti. Zenaida alichelewa.

Alipoingia sikumtambua. Gauni jeusi la kuazima, mikono mifupi, nywele zimelowa. Hakusema hata neno moja kati ya niliyomwandikia. Alikwenda hadi kwenye jeneza, akautazama uso wa Nemesio, akalia. Si kilio nilichomfundisha. Alilia kama mtu aliyepigwa makofi miaka yote na leo ndiyo kaumia. Machozi yakadondoka juu ya kioo. Sebule nzima ikashtuka, maana chozi likigusa jeneza safari ya marehemu huwa nzito. Wacheza karata waliweka karata zao mezani, wazi, kila mtu akaziona na hakuna aliyejali.

Perpetua akainuka. Kwenye mswada wangu hapa pana kofi. Zenaida alilijua hilo, akageuza shavu lake la kushoto, lile lililozoea. Nikasubiri.

Perpetua alifuta kioo kwa pindo la gauni lake. Kisha akamshika Zenaida kiwiko.

"Umechelewa, mdogo wangu," akasema. "Umekula?"

Akamketisha kwenye benchi la wafiwa, ubavuni kwake, akamwekea bakuli mapajani. Madam alilia. Alimaliza leso yake, akachukua ya dereva. Nimeshinda! Nikasimama, nikafunga kifungo cha koti, nikavuta pumzi. Hapo Perpetua akaniita jikoni.

Akaniambia alikuwa akijua muda wote kwamba mwanamke wa nje yupo. Kila Alhamisi studio walipiga simu kumuulizia Nemesio, na Nemesio ameaga kwenda studio. Akirudi shati linanuka dawa ya nondo, ile ya kuweka kabatini wadudu wasile nguo. Kwa hiyo Perpetua akamjenga mwanamke yule kichwani mwake. Mtu wa kabati kubwa, nguo nzuri zilizotunzwa, mikono laini.

"Nilimwogopa maisha yangu yote, shemeji. Kumbe ni mtu wa kawaida tu. Amechoka kama mimi." Akakaa juu ya gunia la mchele. "Leo nitalala."

Akaniuliza kama nilikuwa najua.

Dawa ya nondo naijua. Ni vile vidonge vyeupe vinavyotupwa kwenye choo cha wanaume pale Ligaya. Mashati yangu yananuka hivyo hivyo, ila mimi sina wa kuninusa. Nemesio hakuwahi kumgusa mwanamke mwingine. Alikuwa anaona haya hata kuwaongoza waigizaji kubusiana, aligeuka ukutani na kuwaambia wamwite wakimaliza. Nilifungua mdomo kumwambia Perpetua. Lakini Madam alikuwa bado sebuleni na macho yake yamelowa. Nikasema sikujua. Nitamweleza kesho.

Niliporudi Madam ameshaondoka. Boyet alikuwa nje, amemshikia mwavuli mpaka garini, na alikuwa anaongea.

Jumamosi, 8 Oktoba

Eliseo amefika, mweusi kwa jua la Jeddah, na maboksi yaliyofungwa kwa kamba. Majirani walimweleza getini, hata hajaubusu mkono wa mama yake. Aliingia akamkuta Zenaida jikoni anamenya vitunguu saumu. Akampita. Alikwenda akasimama mbele ya jeneza muda mrefu, halafu akatangaza kwamba yeye habebi.

"Abebwe na waliokuwa wanamjua," akasema. "Mimi nilikuwa simjui."

Perpetua alimbembeleza. Akamwambia yeye mwenyewe ameshasamehe. Hilo lilimkasirisha zaidi.

Nikamvuta Zenaida uani. Nikamwambia mchezo umekwisha, aseme ukweli aende zake. Amekataa! Anasema Perpetua amempa chumba, kitanda na shuka safi.

"Kaka Santing, wewe umeniandikia makofi tu," akaniambia, kwa jina langu la kifupi. "Huyu mama ameniuliza kama nimekula. Wewe hujawahi kuniuliza."

Si haki. Tulifanyia mazoezi mgahawani kabisa.

Halafu likaja kubwa kuliko yote. Bi. Socorro amempigia Zenaida simu. Madam anamtaka kwenye filamu ya Krismasi, awe mwanamke wa nje. Mwandishi ni Boyet. Jina la filamu: *Umechelewa, Mdogo Wangu*. Nimezunguka kibanda cha kuku kwa hasira mpaka kuku wakatoka. Ule mstari ni wangu! Yaani ni wa Perpetua. Lakini aliusema ndani ya sini yangu.

Nilitaka kumweleza Eliseo mambo yalivyo. Lakini kwanza nilikuwa na hasira, na nilipotulia alikuwa amelala. Kesho makaburini nitasema kila kitu mbele ya watu wote.

Jumapili, 9 Oktoba

Tumemzika. Mvua ilikatika kwa nusu saa. Mahali pa mtoto, mbele kushoto mwa jeneza, alisimama baunsa mmoja. Eliseo alikuwa mbali, karibu na geti, mikono mfukoni.

Nilisema. Sitaki mtu aje kuniambia sikusema. Nilieleza Alhamisi, na Ligaya, na uji wa utumbo, na filamu tulizoziiba. Nikasema Alhamisi zote alikuwa na mimi, hakuwa na mwanamke, hajawahi kuwa naye. Na nilisema vizuri. Pengine nilisema vizuri mno. Nilinyamaza palipofaa kunyamaza. Nilishusha sauti palipofaa. Mwishoni nikaweka mkono juu ya jeneza, bila kupanga. Sana sana nilipanga kidogo.

Watu walilia. Mabaunsa, fundi cherehani, padri. Hakuna hata mmoja aliyeniamini. Fundi alinishika bega akasema kila mwanamume anastahili rafiki wa kumdanganyia namna hii kaburini. Zenaida alitazama viatu vyake. Eliseo alicheka kwa pua, akageuka, akaondoka kabla udongo haujamwagwa.

Perpetua alinishika mkono. "Asante, Santing. Una roho nzuri. Lakini usiape uongo kwa ajili yake, utajiletea dhambi."

Miaka thelathini nimeandika uongo na nchi nzima ikauamini. Leo nimesema kweli.

Wakati anapita, Madam alimwambia Bi. Socorro kwamba mzee bado anajua kazi. Nilisikia kwa masikio yangu. Sikuwa na haki ya kufurahi siku kama ile, na nilifurahi.

Jumatatu, 10 Oktoba

Leo nimefanya jambo la haki. Nimempeleka Perpetua Ligaya.

Hakutaka. Nilimwambia aje anuse tu, halafu nitamwacha. Nilinunua tiketi mbili. Muuza tiketi akauliza leo sirudishi moja? Ukumbini kulikuwa na wanaume wachache, wengine wamelala, na filamu ya mapanga ya Hong Kong. Nilimpitisha pembeni, yeye na gauni lake jeusi, hadi mlango wa choo cha wanaume. Nikausukuma kwa mguu.

Harufu ikatoka.

Perpetua alisimama pale. Akavuta pumzi. Akavuta tena. Mtu mmoja alitoka anafunga zipu, akamwona, akaomba radhi, akamzunguka. Perpetua hakusogea. Kisha akauliza walikuwa wakikaa wapi. Nikamwonyesha safu ya nyuma, karibu na nguzo. Akaenda akakaa kwenye kiti cha Nemesio. Hapo nikamweleza Zenaida, na Madam, na kofi ambalo halikupigwa. Nilieleza vibaya, narudi nyuma, napotea, sijui niishie wapi. Hivyo ndivyo alivyoniamini.

Hakulia. Aliendelea kutazama wale Wachina wanavyorukiana.

"Nilimsamehe mbele ya mtaa mzima," akasema. "Na hakuwa na kosa."

Nikasema samahani. Akasema Eliseo amepanda ndege leo asubuhi. Atampigia simu, atamweleza, na Eliseo ataamini, ni mtoto mzuri. Lakini jeneza la baba yake hawezi kulibeba tena.

Nilitaka kumsindikiza. Akaniambia nisimsindikize, na nisikanyage kwake tena. Hakupaza sauti, hata mtu aliyelala safu ya mbele hakuamka. Aliondoka peke yake, anapapasa viti gizani kwa sababu hakuzoea. Nilibaki mpaka filamu ikaisha. Sikuona hata kitu kimoja cha kuiba.

Jumatano, 12 Oktoba

Jana sikutoka. Sikula, hakuna wa kuniuliza. Nina aibu. Nimeiandika hapa na sitaki kuirudia. Nimempoteza Nemesio, halafu nikaichukua heshima yake, halafu nikapoteza nyumba ya mwisho iliyokuwa na kiti changu. Nilikaa kitandani natazama ukuta.

Mchana nikakaa kwenye mashine ya kuchapa. Ili nikumbuke tu. Alivyosimama mlangoni. Alivyovuta pumzi mara ya pili. Alivyokaa kwenye kile kiti.

Hakuna mtu aliyewahi kuandika sini kama hiyo! Hakuna kofi, hakuna muziki, hakuna mtoto anayekufa. Mjane na harufu tu. Nimechapa mpaka vidole vimeuma. Ukurasa ulilowa machozi, ikabidi nirudie. Leo nimefika zaidi ya nusu. Boyet hawezi kuandika kitu hiki hata akizaliwa upya.

Najua Madam atakavyosema. Atasema hakuna anayelilia choo. Kusoma hakumtoshi, lazima aone. Na nimepata pa kumwonyesha angalau mwisho wake. Arobaini ya Nemesio iko Novemba. Perpetua atapika, mtaa wote utakuwapo, Eliseo huenda akarudi, na Madam hakosi arobaini ya mtu aliyemtajirisha.

Mimi siwezi kwenda, nimekatazwa, na katazo naliheshimu. Lakini mwigizaji hajakatazwa. Nimempata Teofilo, aliyekuwa akicheza mapadri. Ataingia badala yangu, atapiga magoti mbele ya Perpetua watu wote wakiwa kimya, ataomba msamaha. Ni mrefu kuliko mimi, lakini ana aibu nzuri sana usoni. Maneno nimeshamwandikia. Wasiwasi wake ni mmoja tu, je, kama mjane atamfukuza? Nimemwambia aondoe shaka. Atamsamehe. Yule mama anajua kusamehe, nimemwona mwenyewe.